Uzi: Dokumentari zetu za treni zinaonyesha treni ikipita tu. Kichwa kinavutaje? Tujadili namna ya kuzipiga

Fundi_Picha_Moro (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Tangu SGR ianze kubeba abiria Dar–Morogoro mwezi Juni 2024, na muda mfupi baadaye ikafika Dodoma, mitandao imejaa video za treni. Nyingi zimepigwa vizuri, siwanyimi watu haki yao. Droni inapaa, mchongoko (ile treni ya umeme yenye pua iliyochongoka) unakata pori, muziki unapanda, msimulizi anatuambia ni treni ya kisasa, inakwenda kilomita 160 kwa saa. Halafu? Imepita, imekwenda zake. Muulize aliyetazama dakika zote zile treni inapata wapi nguvu, atakujibu "si umeme". Huo umeme unaingilia wapi, unafanyiwa nini humo ndani, unarudi vipi ulikotoka, hola.

Kinachoniudhi zaidi ni sauti. Nimeshaona video ya treni ya umeme iliyobandikwa "chuku chuku" na honi ya mvuke. Jamani! Chuku chuku ni mvuke uliokwisha kazi ukitoka kwenye silinda na kupandia dohani. Treni ya umeme haina silinda wala dohani. Ni sawa na kumpiga picha mbuzi ukamwekea sauti ya ng'ombe, halafu chini ukaandika "dokumentari".

Hoja yangu ni moja: dokumentari ya treni ifuate nguvu. Chagua kichwa kimoja, uifuate nguvu kutoka inakozaliwa mpaka inakogusa reli, na kila shoti ijibu swali la "sasa hivi nguvu iko wapi?" Shoti isiyojibu hilo, hata iwe nzuri namna gani, weka kando uitumie kwenye tangazo.

Mimi ningeanzia chini kabisa, pale gurudumu linapokanyaga reli. Ni chuma juu ya chuma, na eneo linalogusana ni kama sentimita moja tu ya mraba kwa kila gurudumu. Mabehewa yote yale yanavutwa kupitia vieneo hivyo vidogo. Faida ya chuma ni kwamba hakibonyei kama tairi la mpira, kwa hiyo mzigo mkubwa unasogea kwa nguvu ndogo. Hasara yake ni kuteleza. Reli ikipata umande au mafuta, gurudumu linazunguka palepale. Ndiyo maana vichwa vina masanduku ya mchanga, na vibomba vinavyoumwaga mchanga huo mbele ya gurudumu. Piga kibomba kile kwa karibu: dereva anabonyeza, mchanga unaruka, gurudumu linashika. Sekunde sita hizo hazihitaji msimulizi.

Kutoka hapo unarudi nyuma hatua kwa hatua. Gurudumu linazungushwa na mota iliyo kwenye ekseli. Mota inalishwa na nini? Hapa ndipo watu wengi wanapopotea. Wanadhani kichwa cha dizeli ni lori kubwa, yaani injini, giaboksi, magurudumu. Vichwa vingi vya dizeli vya reli ya mita (ile ya zamani, yenye upana wa mita moja), na hata vya SGR ya Kenya, havipo hivyo. Injini ya dizeli haishikani na gurudumu popote. Kazi yake ni kuzungusha altaneta, umeme unaopatikana ndio unaokwenda kwenye mota za magurudumu. Kwa maneno mengine, ni kituo cha umeme kinachotembea na mafuta yake.

Kwa nini mzunguko wote huo? Kwa sababu dizeli haiwezi kusukuma kitu ikiwa imesimama, lazima kwanza iwe inazunguka. Ukiiunganisha moja kwa moja na mzigo wa tani elfu uliolala, klachi itaungua kabla behewa la kwanza halijasogea. Mota ya umeme ni kinyume chake: inasukuma kwa nguvu kubwa zaidi pale inapoanza kutoka kwenye sifuri. Hicho ndicho treni inachotaka.

Hiyo ndiyo hadithi. Sasa naomba wenye uzoefu wa reli na wenye uzoefu wa kamera tushauriane. Nataka kutengeneza kitu cha dakika 20 hivi.

Nawasilisha.

---

Kokoto

Nimekaa siti ya dirishani. Ngoja waje wajuzi.

---

Mzee_wa_Notchi

Kijana umeanza vizuri, lakini umeruka mkono wa dereva.

Mimi nimestaafu, nipo Tabora. Nimeendesha dizeli za reli ya mita maisha yangu yote ya kazi, nikianza kama msaidizi wa dereva. Kwenye kichwa cha dizeli ya umeme hakuna pedali ya mafuta ya kukanyaga kama kwenye basi. Kuna wenzo wenye hatua, tunaziita notchi, kuanzia ya kwanza hadi ya nane. Kila notchi ni kiwango chake cha injini na cha umeme unaopelekwa kwenye mota. Sasa angalia kitu ambacho watu wa kamera hawakijui: ukiweka notchi ya juu, injini inanguruma mara moja, lakini treni haiondoki mara moja. Mwenda kwa basi amezoea mlio na mwendo vipande pamoja kwa wakati mmoja. Kwenye treni mlio unatangulia, mwendo unafuata baadaye. Na huko mbele, treni ikishashika kasi na njia imetambarika, dereva anarudisha notchi, injini inatulia, na treni ndiyo kwanza inakwenda mbio. Mhariri asiyejua hilo anabandika mlio mkubwa penye mwendo mkubwa. Sisi tukiona tunacheka.

Jambo la pili, kuondoka. Treni ndefu ya mizigo haiondoki yote kwa pamoja. Kwenye viunganishi kuna nafasi kidogo. Unaweka notchi ya kwanza, unasubiri, unasikia ta-ta-ta-ta ikienda nyuma, behewa moja moja linaamka. Ukiharakisha unakata kiunganishi. Weka kamera katikati ya treni, siyo mbele, uuone na uusikie mshtuko ule ukikufikia na kukupita. Hapo mtazamaji ataelewa uzito wa mzigo bila kutajiwa tani.

Jambo la tatu ni breki, na hili usilifanyie mzaha. Kuvuta ni nusu ya kazi. Treni ina bomba la hewa linalopita behewa kwa behewa hadi la mwisho. Watu wanadhani hewa ikijaa ndipo breki inashika. Ni kinyume. Hewa ikijaa bombani, breki inaachia. Hewa ikipungua, breki inashika. Kwa hiyo bomba likikatika, au treni ikiachana vipande viwili, hewa inatoka na vipande vyote vinajishika vyenyewe. Huo ni ubunifu wa Mmarekani George Westinghouse wa karne ya 19, na hadi leo dunia nzima inautegemea.

Sisi wa Reli ya Kati tunajua uzito wa neno breki. Tarehe 24 Juni 2002, huko Igandu, Dodoma, treni ya abiria ilirudi nyuma kwenye mteremko ikagonga treni ya mizigo, wakafa watu 281. Ukitengeneza dokumentari ya namna kichwa kinavyofanya kazi ukaacha breki, umetengeneza nusu.

---

Fundi_Picha_Moro

Shikamoo mzee wangu. Hilo la kamera katikati ya treni sikuwa nalo kabisa, nimelichukua. Breki inaingia.

Swali: ile breki ya umeme ya kwenye miteremko, ambayo haitumii hewa, naweza kuionyeshaje? Haionekani kwa macho.

---

Mzee_wa_Notchi

Marahaba.

Inaonekana, tafuta baiskeli yenye dainamo. Mpe mtoto apige pedali usiku, taa ikiwa imezimwa, halafu sukuma dainamo iguse tairi. Taa inawaka na pedali zinakuwa nzito palepale. Basi. Kichwa kikiteremka, mota za magurudumu tunazigeuza kuwa dainamo. Magurudumu yanazizungusha, zinatoa umeme, na kwa kuutoa zinayafanya magurudumu yawe mazito. Umeme ule kwenye dizeli hauna pa kwenda, unapelekwa kwenye vyuma vinavyopashwa moto ndani ya kichwa, na feni inapuliza joto nje kupitia paa. Simama mbali kidogo wakati treni inateremka, utaona hewa juu ya paa inatetemeka. Hiyo ndiyo kasi ya treni ikigeuzwa joto na kutupwa.

Kwenye hii SGR yenu ya umeme wenyewe wana bahati, umeme ule unaweza kurudishwa kwenye waya ukatumiwa na treni nyingine.

---

Jembe_Butu

Wakuu, nisiwe mkatisha tamaa, lakini nani atakaa dakika 20 kuangalia altaneta? Watu wanataka stori. Wekeni simba wa Tsavo, wale waliokula wajenzi wa reli, mtapata watazamaji milioni.

---

Bi_Makupa

@Jembe_Butu simba wa Tsavo wameshakula watu, wakala na muda wetu wa televisheni pia. Yatosha jamani.

Mimi niko Mombasa. Naungana na mzee kuwa mtu aonekane, ila hapo kwa mwanzisha uzi kuna jambo sikubaliani nalo. Kuanzia kwenye gurudumu ni kuanza na kitu kisicho na uso. Mwanangu wa miaka tisa hatangoja ufike kwenye injini. Anza na mkono wa dereva ukisogeza wenzo, halafu uliza: huu mkono umesogeza kijiti, kule nyuma tani elfu zimeondoka, kumetokea nini hapo katikati? Hapo umempa mtu kitendawili, atakaa akisubiri jibu. Gurudumu lije mwisho liwe ndilo jibu.

Pili, msisahau mvuke. Mnataka kuonyesha namna kichwa kinavyofanya kazi, na mnaanzia kwenye mashine zilizofungiwa ndani ya masanduku? Dizeli ukiitazama kwa nje ni kontena lenye madirisha. Mashine ya mvuke viungo vyake viko nje, kila kitu unakiona. Nendeni Makumbusho ya Reli Nairobi. Yalifunguliwa 1971, yako karibu na stesheni ya zamani. Pale kuna mashine mbili za mvuke aina ya Garratt, za daraja la 59, namba 5918 Mount Gelai na 5930 Mount Shengena. Zilijengwa 34 kwa ajili ya East African Railways, na kila moja ikapewa jina la mlima wa Afrika Mashariki. Uzito wake kama tani 250. Kwa reli ya mita hakuna mashine ya mvuke iliyozishinda nguvu. Kazi yao ilikuwa kuvuta mizigo kutoka huku baharini hadi Nairobi, kupanda zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari.

(Ndiyo, Gelai na Shengena ni milima ya Tanzania na mashine ziko Kenya. Reli ilikuwa moja, jumuiya ikavunjika 1977, kila mtu akabaki na kilichokuwa upande wake. Hiyo nayo ni dokumentari yake.)

---

Fundi_Picha_Moro

Bi Makupa umenibadilishia mwanzo wa filamu. Kitendawili cha mkono nimekikubali, gurudumu litakuja mwishoni.

Ila Garratt za makumbusho zimesimama. Nitafuataje nguvu kwenye kitu kilichokufa?

---

Bi_Makupa

Kilichosimama ndicho kinachokupa nafasi ya kuingiza kamera! Kilicho hai kina moto, hakikusubiri.

Garratt imekatwa sehemu tatu. Mbele kuna mashine yenye magurudumu na tangi la maji, nyuma kuna mashine nyingine yenye magurudumu na mafuta, na katikati boila limening'inizwa juu ya egemeo mbili. Alibuni Mwingereza Herbert Garratt mwanzoni mwa karne ya 20. Sababu yake ni hii: ukitaka nguvu kubwa unahitaji boila kubwa, lakini boila kubwa juu ya magurudumu yake yenyewe haliwezi kunenepa, magurudumu yanalizuia. Garratt akaliondolea magurudumu ya chini, likapata nafasi ya kunenepa hadi karibu na reli. Na kwa kuwa mashine inapinda sehemu mbili, dude la zaidi ya mita 30 linapita kwenye kona za reli ya mita.

Simama kwenye egemeo lile na kamera. Ukipiga sehemu mbili hizo zinapokutana, na bomba la mvuke lenye kiungo kinachozunguka, hapo umeshaeleza ubunifu wote. Mvuke unatoka kwenye boila lililotulia, unaingia kwenye mashine inayogeuka kushoto na kulia. Kiungo kile kisipovuja, treni inakwenda.

---

Msalfordi

Bi Makupa, hapo umenigusa. Mimi naishi Manchester, na hizo daraja la 59 zilijengwa hapa, kiwanda cha Beyer, Peacock huko Gorton, miaka ya 1955 na 1956. Kiwanda kilishafungwa zamani, lakini kumbukumbu zake, michoro na picha, zimehifadhiwa kwenye Makumbusho ya Sayansi na Viwanda hapa mjini. Humo makumbusho pia imo Garratt moja kubwa iliyofanya kazi Afrika Kusini.

Faida kwa mtengeneza filamu: mchoro wa mkato. Ile picha inayoonyesha tumbo la mashine kana kwamba imepasuliwa kwa msumeno. Ukipata mchoro halisi wa kiwandani, huhitaji animesheni ya gharama. Unaupiga picha, unatia rangi njia ya mvuke peke yake, na kuisogeza taratibu. Moto unapita kwenye mabomba ndani ya maji, maji yanakuwa mvuke, mvuke unapashwa tena, unaingia silinda, unasukuma pistoni, unatoka kwa dohani. Ila ombeni ruhusa ya kutumia, na muulize gharama mapema. Kumbukumbu za huku hazitolewi bure kwa filamu ya biashara.

---

Dada_Maiki

Mimi ni mtu wa sauti, nimefurahi mwanzisha uzi kaanza na chuku chuku.

Niongeze hapo hapo, maana wengi hawajui kwa nini mlio ule una mpigo. Mashine ya mvuke ya silinda mbili hupumua mara nne kwa kila mzunguko mmoja wa gurudumu, kwa sababu kila silinda inasukumwa pande zote mbili. Kwa hiyo ukirekodi mlio ukajua kipenyo cha gurudumu, unaweza kuhesabu mwendo kwa masikio. Na Garratt ina mambo yake: mashine mbili, boila moja, dohani moja, na magurudumu ya mbele hayajafungwa na ya nyuma kwa chuma chochote. Basi mipigo ya mbele na ya nyuma inakwenda pamoja, inaachana kidogo kidogo, inavurugika, halafu inarudi pamoja. Nani anaweza kutengeneza hiyo studio?

Na ile pumzi inayotoka ina kazi, siyo uchafu tu. Ikipanda dohani inavuta hewa kutoka kwenye tanuri, moto unawaka zaidi. Mashine ikifanya kazi ngumu, inapumua kwa nguvu, moto unapata hewa nyingi, mvuke unaongezeka. Inajilisha yenyewe kadiri inavyohitaji. Ukielewa hilo huwezi tena kuweka chuku chuku kama mapambo.

Kwa kurekodi: maiki ya kamera iwe ya kumbukumbu tu. Weka kinasa sauti pembeni, kivalishe manyoya ya kuzuia upepo, na kiache kirekodi dakika kadhaa kabla treni haijafika na dakika kadhaa baada ya kupita. Reli huanza kuimba kabla hujaiona treni. Kwenye mchongoko usikose kuondoka stesheni, ule mluzi unaopanda ngazi kwa ngazi. Ni vifaa vya umeme vinavyokatakata mkondo ili kuzilisha mota. Hiyo ndiyo sauti yake halali, haina haja ya kuazima ya babu yake.

---

Jembe_Butu

Sawa, nimeanza kuelewa. Lakini dada, hata wakubwa hutengeneza sauti studio. Kwani kosa liko wapi?

---

Dada_Maiki

Kutengeneza si kosa. Kuna filamu ya Uingereza ya 1936 kuhusu treni ya barua, sehemu za ndani ya behewa zilipigwa studio, wafanyakazi wa posta wenyewe wakaambiwa wayumbe kana kwamba behewa linakwenda. Lakini kazi waliyoifanya ilikuwa ndiyo kazi yao ya kila siku, na mtazamaji hakufundishwa kitu cha uongo. Wewe ukiweka mlio wa mvuke juu ya treni ya umeme unamfundisha mtoto kuwa treni ya umeme ina mvuke.

---

Dogo_wa_Kilosa

Wakubwa samahani, mimi nina simu tu, tena ya kawaida. Naishi karibu na reli, SGR naiona na ya zamani naiona. Naweza kufanya chochote?

---

Fundi_Picha_Moro

Dogo wewe una kitu ambacho sisi hatuna, unaishi hapo. Mambo machache:

Weka simu fremu 25 kwa sekunde na shuta 1/50. Umeme wetu ni wa 50 Hz, ukiacha simu ichague yenyewe, taa za stesheni na mbao za maandishi zitapepesa kwenye video.

Usipige treni ya kasi kwa ubavu ukiwa karibu. Simu inasoma picha mstari kwa mstari kutoka juu kwenda chini, kwa hiyo mabehewa yataonekana yamelala upande. Piga kwa mshazari, treni ikikujia na kukupita. Ndugu Lumière walifanya hivyo kwenye stesheni ya La Ciotat, Ufaransa, sinema ikiwa ndiyo kwanza inazaliwa, na hadi leo sijaona pembe inayoshinda ile.

Huko kwenu kuna mahandaki ya SGR. Ukiwa ndani ya treni, funga kipimo cha mwanga cha kamera ya simu (exposure) kisibadilike kabla ya kuingia handaki, la sivyo itahangaika giza-mwanga-giza.

Halafu fanya jaribio hili nyumbani, ni la bure. Chukua vikombe viwili vya plastiki vinavyolingana, viunganishe midomo kwa gundi ya karatasi ili katikati pawe panene. Viache viteremke juu ya fito mbili zilizolazwa sambamba. Vitajirudisha katikati vyenyewe. Sasa badili, unganisha vitako, katikati pawe pembamba. Vitaanguka. Magurudumu ya treni yamechongwa kwa mshazari kama vikombe vya kwanza, manene upande wa ndani. Ekseli ikisogea kushoto, gurudumu la kushoto linakanyagia sehemu nene, linasafiri zaidi, ekseli inarudi. Ile kingo ya ndani ya gurudumu, ambayo watu wote wanadhani ndiyo inayoongoza treni, ni akiba tu ya kwenye kona kali na ajali. Piga jaribio hilo kwa simu yako, ulete hapa, litaingia kwenye filamu na jina lako litaandikwa.

---

Waya_wa_Juu

Habari zenu. Nafanya kazi za umeme mkubwa, sitasema wapi. Nimesoma uzi wote na hakuna aliyegusa usalama, na nyie mnamshauri mtoto akapige picha kwenye reli.

Waya wa juu wa SGR ya Tanzania una volti 25,000. Huhitaji kuugusa ili ukuue, ukiukaribia tu umeme unaweza kuruka. Kwa hiyo fimbo ya selfi, fimbo ya maiki, mwavuli, ngazi, kupanda juu ya daraja na kuinua kitu, vyote hivyo ni marufuku. Droni nayo ina sheria zake za anga, inahitaji kibali, na ikinasa kwenye waya si hasara yako peke yako, umesimamisha treni. Kingine, treni ya umeme haina mngurumo wa kukutahadharisha. Ukiisikia imeshafika. Ndani ya uzio usiingie kabisa bila ruhusa na msindikizaji.

Baada ya kusema hayo, nikupe shoti moja nzuri ambayo utaipiga ukiwa jukwaani, kwa lenzi ndefu. Tazama waya juu ya pantografu, ule mkono wa juu ya paa unaochukua umeme kwenye waya. Kwa macho ya kawaida umenyooka. Ukiwa nyuma yake kwa lenzi ndefu utaona unakwenda zigizagi, nguzo hii umevutwa kushoto, inayofuata umevutwa kulia. Wamefanya makusudi. Juu ya pantografu kuna kipande cha kaboni kinachosugua waya. Waya ungenyooka ungesugua sehemu moja tu na kukikata. Kwa zigizagi unakifagia chote, kinalika sawasawa.

Baada ya hapo nguvu unayoifuata inashuka kwenye transfoma ndani ya treni, inapunguzwa, inanyooshwa iwe mkondo wa upande mmoja, halafu inakatwa tena kuwa mkondo wa kuzungusha mota kwa kasi anayoitaka dereva. Na mkondo unarudi kupitia magurudumu na reli. Kwa hiyo lile gurudumu lako la mwisho wa filamu, kwenye treni ya umeme lina kazi mbili: linasukuma, na linarudisha umeme.

---

Fundi_Picha_Moro

@Waya_wa_Juu asante sana. Dogo umesikia? Piga kutoka nje ya uzio, jukwaani, au ndani ya behewa ukiwa na tiketi. Basi.

---

Mlimba_Juu

Na TAZARA mmeisahau kama kawaida yenu.

Kilomita 1,860 kutoka Dar hadi Kapiri Mposhi, Zambia, imejengwa kwa msaada wa China 1970 hadi 1975, upana wa reli milimita 1,067, si ile ya mita. Kwa uzi huu ina somo lake. Vichwa vya kwanza vya Kichina havikuwa vya dizeli ya umeme. Vilikuwa vya dizeli na mafuta ya haidroli: injini inazungusha pangaboi ndani ya mafuta, mafuta yanazungusha pangaboi jingine, na hilo ndilo linaloendesha magurudumu. Hakuna altaneta, hakuna mota za magurudumu. Vilielemewa na mlima huu wa Mlimba hadi Makambako, na miaka ya 1980 vikaletwa vya dizeli ya umeme. Mwenye kutaka kueleza kwa nini umeme ulishinda kwenye reli, aje asimame hapa kwetu na kamera. Mlima utamweleza.

---

Bi_Makupa

Huyo ndiye mhusika wa filamu yako, mwanzisha uzi. Mlima mmoja, vichwa vya aina mbili, kimoja kimeshindwa. @Jembe_Butu si ulitaka stori?

---

Jembe_Butu

Nimekubali. Simba wapumzike.

---

Fundi_Picha_Moro

Nimeamua hivi. Filamu itakuwa na sehemu tatu zisizolingana. Garratt ya Nairobi kwa ufupi, kwa sababu imesimama na michoro itatusaidia. Mlimba–Makambako itachukua nusu ya filamu, dizeli, notchi, breki, mlima. Kisha mchongoko. Mkono wa dereva unaanza, gurudumu linamaliza. Vibali naanza kushughulikia: Bodi ya Filamu kwanza, halafu barua kwa shirika la reli husika, na Kenya wana utaratibu wao wa leseni. Mtu yeyote mwenye uzoefu wa muda unaochukua aje faragha. Mara ya mwisho nilizuiwa kwenye stesheni moja nikiwa na barua mkononi, kwa sababu mlinzi wa zamu hakuwa amepewa nakala. Kwa hiyo bebeni nakala za ziada, na piga simu stesheni siku moja kabla.

Mzee wa Notchi, nikipata kibali utakubali kukaa kabini na kueleza wakati dereva anaendesha?

---

Mzee_wa_Notchi

Nitakuja, ila si kwa kuongea wakati dereva anaendesha. Dereva asisemeshwe. Mpige picha akiwa kimya, mimi nirekodi maelezo tukishasimama.

---

Dogo_wa_Kilosa

Mzee shikamoo. Swali moja. Hii treni ya zamani ikisimama hapa stesheni, injini ikiwa inanguruma tu, kila baada ya muda inatoa "pshii" kwa chini. Ndiyo breki?

---

Mzee_wa_Notchi

Marahaba mwanangu. Hapana. Kompresa inapojaza matangi ya hewa, unyevu uliomo hewani unageuka maji na kukaa chini ya tangi. Hiyo ni vali inayojifungua yenyewe kuyatema. Yakiachwa yanaozesha tangi kwa kutu na kuingia kwenye vali za breki. Tazama chini ya kichwa, kuna mahali kokoto zimelowa. Irekodi hiyo pshii, mpe Dada Maiki.